Mzigo wa Mwenye Ploti

Akoth huuza omena, dagaa wakavu wa ziwani, Kisumu Ndogo, ndani ya Kibera, na hakuna mtu aliyewahi kumuuzia gunia bovu mara mbili. Magunia yakishushwa asubuhi, wanawake wengine hutia mkono juu, wakanusa, wakalipa. Akoth hana haraka hiyo. Yeye hutandika turubai chini na kumwaga gunia zima. Wauzaji humnunia na kumwita mwanamke wa kusumbua. Yeye hucheka tu na kuendelea kuchambua, kwa sababu anajua mchanga hukaa chini ya gunia.

Jioni hurudi nyumbani Kawangware, upande wa Riruta, kwenye ploti ya Mzee Gerishon, vyumba vya kupanga vilivyozunguka ua mmoja. Amepanga humo miaka kumi na miwili, mlango wa tatu kutoka getini. Humo ndimo alimomlea Daisy, binti yake wa pekee, mpaka akasomea uuguzi na kwenda kufanya kazi Manchester, Uingereza.

Sasa Daisy alikuwa na mimba ya pili. Madaktari walikuwa wamesema atajifungua kwa upasuaji, Ijumaa asubuhi. Mume wake, Ogola, hufanya kazi melini na hangerudi kabla ya mwezi kuisha. Walikuwa na Billy, mtoto wa miaka mitatu, na hapakuwa na mtu wa kubaki naye. Kwa hiyo Daisy alimtumia mama yake tiketi ya Jumatano. Ilikuwa ya bei nafuu, aina ile isiyobadilishwa. Ukikosa ndege, umekosa.

"Mama, usipofika Alhamisi, Billy sina mtu wa kumwachia," Daisy alisema kwenye simu.

"Nitafika," Akoth alimjibu.

Pasipoti ilikuwa tayari. Viza ilikuwa imetoka. Akoth hakuwa amewahi kupanda ndege, lakini hakuwa na hofu. Alijiambia kwamba mtu aliyepambana na madalali wa samaki hawezi kushindwa na foleni ya uwanja wa ndege.

Habari za safari hazifichiki kwenye ploti. Mtu wa hapo akienda ng'ambo, ploti nzima hutaka kupanda ndege naye. Kila mwenye ndugu huko huleta kifurushi, na msafiri hubeba. Haulizi kuna nini ndani. Kuuliza ni kama kumwambia jirani yako kwamba ni mwizi. Akoth mwenyewe alikuwa amewabebesha wengi, miaka ile Daisy alipokuwa mgeni huko.

Kwa hiyo Jumamosi ilipofika, vifurushi vilianza kuingia. Angeline, rafiki yake wa kanisani Kisumu Ndogo, alileta kidumu kilichozibwa kwa kitambaa, cha mpwa wake. Kevin, kinyozi wa hapo barabarani, alileta kitu kilichoviringishwa kwa gazeti, cha kaka yake. Akoth alivipanga kando ya kitanda, akaandika majina kwa kalamu ili asichanganye.

Mara mlango ukabishwa, na aliyesimama hapo alikuwa Mzee Gerishon mwenyewe. Mzee hatembelei wapangaji ovyo. Ukimwona mlangoni, jua bomba limepasuka. Lakini siku hiyo alikuwa amevaa koti zuri na kubeba kifurushi kikubwa kama mto wa kulalia. Kilifungwa kwa karatasi ya kaki, kikazungushwa selotepu mpaka karatasi ikakaribia kupotea.

"Hii ni ya Wainaina," alisema. Wainaina ni kifungua mimba wake, na anaishi mji uleule wa Daisy. "Ni kitu ya familia, Mama Daisy. Isifunguliwe njiani."

Akoth alikipokea kwa mikono miwili. Nani angekataa mzigo wa mwenye ploti? Tena Mzee Gerishon si mtu mbaya. Mwaka ule vibanda vya soko vilipoungua, wenye nyumba wengine walifungia milango watu waliokosa kodi. Yeye hakumfungia Akoth.

Jumapili baada ya kanisa, Rachael alikuja kumsaidia kupanga begi. Rachael ni jirani wa mlango unaotazamana na wa Akoth. Anafanya kazi uwanja wa ndege, na kwa miaka kumi amekaa mbele ya mashine inayoona vitu vilivyo ndani ya mabegi. Aliketi kitandani, akavitazama vile vifurushi.

"Mama Daisy, zako ni gani hapa?"

Akoth alionyesha begi lililokuwa nusu tupu. Zile zingine, alisema, zilikuwa za watu.

"Na ndani kuna nini?"

"Sijui. Sasa Rachael, naanzaje kufungua vitu za watu?"

Rachael hakumgombeza. Alimwambia asimame, ajifanye yuko kwenye foleni. Kisha akabadilisha sauti, akawa ofisa.

"Mama, nani amepanga hii begi?"

"Ni mimi."

"Kuna kitu yoyote umepewa na mtu umbebee?"

"Nitasema hapana."

"Na mashine ikisema ndiyo?"

Rachael alimvuta Akoth mkono, akamketisha, akamweleza polepole. Begi likishapimwa hubandikwa karatasi yenye jina la msafiri. Kuanzia hapo, kila kilichomo ni chake mbele ya sheria, hapa na kule anakokwenda. Kikipatikana kitu kilichokatazwa, hakuna atakayekuja Kawangware kuuliza kilitoka kwa nani. Atakayezuiliwa ni aliyebeba. Rachael alikuwa ameona watu wazuri kabisa wakilia pale mezani, wakisema walipewa na jirani, wakati ndege yao inaondoka.

"Mzee Gerishon si mtu wa mambo mbaya," Akoth alisema.

"Sijasema ni mbaya. Nimesema hujui."

Maneno hayo yalimchoma Akoth. Alikitazama kile kifurushi cha kaki, na aibu ikampanda. Soko zima lilimjua kama mwanamke asiyenunua asichokiona. Kwa omena ya siku moja alimwaga gunia zima. Kwa mzigo utakaobeba jina lake, na ambao ungeweza kumfanya Daisy aingie upasuaji bila mtu wa kumshikia mtoto, alikuwa ametia mkono juu tu.

Hakupoteza wakati. Alichukua simu, akawapigia wote watatu. Aliwaambia waje kesho saa kumi, kila mtu afungue mzigo wake mwenyewe.

Jumatatu saa kumi, turubai la omena lilikuwa limetandikwa katikati ya ua, limeoshwa likanukia sabuni. Rachael alikaa kwenye kigoda. Majirani waliokuwa wakifua waliacha kufua kwa muda, kwa sababu jambo lenyewe lilikuwa jipya.

Angeline alifungua kidumu chake. Ilikuwa samli ya kienyeji, iliyotoka kwao Nyakach, ya rangi ya dhahabu. Rachael aliisifu, kisha akasema haiwezi kwenda. Kila nchi ina sheria zake za vyakula, na msafiri huuliza kabla ya kufunga begi. Daisy alikuwa ameshasoma tovuti ya serikali ya huko asubuhi hiyo, akamweleza mama yake kwa simu. Nyama na vitu vya maziwa kutoka huku haviingii, hata kidogo. Samaki waliokaushwa wanaruhusiwa, lakini kuna kiwango. Angeline alilalamika kwamba wazungu hawajui kula, kisha akacheka na kufunga kidumu chake. Badala yake alitoa leso aliyokuwa amejifunga, mpya kabisa, akaikunja mbele ya Akoth.

Kevin alikuwa ameweka mashine ya kunyolea, wembe wa akiba, na betri mbili. Wembe na mashine vingeingia kwenye begi kubwa. Betri za akiba, Rachael alisema, hazikai kwenye begi kubwa hata siku moja, kwa sababu zinaweza kushika moto mahali ambapo hakuna mtu wa kuziona. Hizo hubebwa kwenye begi la mkononi. Kevin alikuwa anasikia jambo hilo kwa mara ya kwanza, naye akaandika kwenye simu yake.

Mzee Gerishon alifika mwisho. Alisimama pembeni ya turubai na kukiona kifurushi chake kimewekwa hapo, hadharani.

"Mama Daisy, nilikuambia isifunguliwe."

Akoth alisimama wima.

"Ulisema, mzee. Ndiyo sijaifungua. Nataka uifungue wewe."

"Miaka kumi na mbili kwa ploti yangu, na leo unanishuku?"

Akoth aliogopa, na hakuna haja ya kuficha hilo. Aliwaza kwamba mzee anaweza kumwambia ahame. Kisha akawaza kuhusu Billy, akapiga moyo konde. Nyumba nyingine angetafuta akirudi.

"Sikushuku, mzee. Lakini huko jina ni langu. Kama siwezi kusema hii ni nini, siwezi kubeba. Nikizuiliwa Jumatano, msichana wangu anaingia upasuaji na mtoto hana mtu."

Mzee akachutama kwa shida, akatoa kisu kidogo mfukoni, akakata selotepu mstari baada ya mstari.

Ndani ya karatasi kulikuwa na ngozi. Ilikuwa nyeusi, na pembeni ilikuwa na manyoya meupe marefu, laini kama nywele za mtoto. Ilikuwa ngozi ya mbega, yule kima wa msituni mwenye mkia mweupe. Mzee aliinyoosha kwa viganja vyake.

"Ni ya baba yangu," alisema, na sauti yake ikashuka. "Alivaa akifanywa mzee. Wainaina anaoa mwezi ujao. Nilitaka aweke kwa mabega siku moja tu."

Akoth alimhurumia. Hakuna aliyecheka. Rachael naye alitoka kwenye kigoda, akachutama karibu naye.

"Mzee, mbega analindwa na sheria," alisema. "Ngozi, pembe, meno, hata gamba la kobe, huwezi kuweka wala kutoa nje ya nchi bila kibali. Hata ikiwa ya zamani. Hii ingemfunga Mama Daisy."

"Lakini hakuna mtu aliiba. Ni ya baba."

"Najua. Lakini mashine haimjui baba yako."

Mzee Gerishon alitazama ngozi, akamtazama Akoth, na uso wake ukabadilika kabisa. Hasira yote iliisha, ikabaki haya. Alisema hakujua. Alisema angemwingiza mama wa watu gerezani kwa sababu ya harusi, tena kwa mkono wake mwenyewe. Kisha akauliza, kwa unyenyekevu ambao wapangaji wake hawakuwahi kuuona, afanye nini sasa.

Rachael alimwambia asiitupe, asimpe mtu, na asithubutu kuiuza. Aipeleke mwenyewe kwenye ofisi ya KWS, wale wanaolinda wanyamapori, aeleze ilikotoka. Mzee hakutuma mtu. Jumanne asubuhi alivaa koti lake zuri, akaenda. Waliipokea na kuandika maelezo yake. Alirudi mchana akiwa mnyonge kidogo lakini mwepesi, kama mtu aliyetua gunia.

Alasiri alibisha tena mlango wa Akoth, akamkuta na Rachael. Safari hii alikuwa na picha, iliyotolewa kwenye fremu ya ukutani kwake. Ilionyesha mwanamume mrefu aliyesimama mbele ya mahindi, enzi ambazo Kawangware ilikuwa mashamba, na ngozi ile ya mbega mabegani mwake.

"Hii inataka kibali?" mzee aliuliza.

"Hiyo hapana, mzee," Rachael alijibu, na kwa mara ya kwanza wote watatu wakacheka.

Baada ya hapo kazi ya kupanga begi ilikuwa rahisi. Akoth alipanga kwa mikono yake, kitu kwa kitu. Omena ilikaa kwenye begi kubwa, imefungwa vizuri isinuke. Siagi ya njugu aliyomsagia Billy ilikaa humohumo, kwa sababu vitu vya majimaji na vya kupaka haviruhusiwi begi la mkononi kama chombo kinazidi mililita mia moja. Dawa zake za presha zilikaa begi la mkononi, kwenye paketi zake halisi, pamoja na cheti cha daktari. Barua ya mwaliko ya Daisy, tiketi ya kurudi na anwani vilichapishwa kwenye karatasi, maana simu huzima siku unayoihitaji. Rachael alimwambia pia kwamba mtu anayebeba pesa taslimu za dola elfu kumi au zaidi lazima awaambie watu wa forodha. Akoth alisema hilo halitamnyima usingizi.

Jumatano saa sita mchana, Akoth alifika uwanja wa ndege. Ndege ilikuwa ya saa kumi, lakini Rachael alikuwa amesema afike masaa matatu kabla, yasipungue. Kwenye geti la barabarani abiria wote walishuka garini, wakapita kwa miguu kwenye ukaguzi, gari likakaguliwa peke yake. Akoth hakushtuka, kwa kuwa alikuwa ameambiwa. Kwenye mlango wa jengo alivua mshipi na viatu, akaweka simu kwenye trei, akasukuma mabegi yake ndani ya mashine.

Mashine ilisimama. Ofisa mmoja kijana aliliweka begi kubwa kando.

"Mama, hii begi ni yako?"

"Ni yangu."

"Nani ameipanga?"

"Ni mimi. Mpaka soksi."

Alimwomba afungue. Akoth alifungua. Ofisa aligusa mfuko mzito na kuuliza ni nini.

"Omena, kilo mbili, imekaushwa. Hiyo ya mkebe ni siagi ya njugu. Hiyo mashine ni ya kunyoa, na wembe wake uko hapo kando. Betri zake niko nazo hapa kwa mkono."

"Na huyu?" Ofisa alikuwa ameinua ile picha.

"Ni baba ya mwenye ploti yetu. Nampelekea mjukuu wake."

Ofisa aliitazama vizuri. "Na hii ngozi amevaa iko wapi?"

"Iko kwa KWS. Mzee mwenyewe aliipeleka jana."

Kijana yule alitabasamu, akarudisha picha mahali pake kwa adabu, akamsaidia kufunga zipu. Yote hayo hayakuchukua hata dakika tano. Kwenye meza ya pili, mwanamume mmoja wa makamo alikuwa amesimama mbele ya kifurushi kilichofungwa selotepu. Aliulizwa kuna nini ndani. Alisema alipewa na jamaa mmoja wa mtaani kwao. Aliulizwa tena, akasema yaleyale. Akoth alipoondoka na mabegi yake, mwanamume huyo alikuwa bado hapo, akipiga simu isiyopokewa. Akoth alimwonea uchungu wa kweli, kwa sababu siku tatu zilizopita angeweza kuwa yeye.

Alikabidhi begi kubwa, akapewa karatasi ya kupandia ndege, akaenda uhamiaji. Ofisa wa pale aliangalia pasipoti na viza, akamuuliza anakwenda wapi, kwa nani, na kwa muda gani. Akoth alijibu maswali matatu kwa majibu matatu. Hakutia chumvi, na hakueleza ambalo hakuulizwa. Muhuri ukagongwa. Kulikuwa na ukaguzi mmoja tena karibu na lango la ndege, akavua viatu tena. Saa tisa kasoro alikuwa ameketi, akila njugu, akisubiri kuitwa.

Alhamisi mchana, Daisy alimpokea Manchester akiwa na tumbo mbele na Billy ubavuni. Wainaina pia alikuwepo. Akoth alimpa picha na kumweleza kisa chote palepale, kuanzia selotepu hadi KWS. Wainaina alisoma uso wa babu yake kwa muda, akajipangusa macho kwa kiganja, akasema ataiweka mezani siku ya harusi ili kila mgeni aione.

Jioni hiyo Rachael alipiga simu kutoka Kawangware. Alisema Mzee Gerishon amewaita wapangaji uani na kutoa amri. Kuanzia sasa, mtu wa ploti yake akisafiri, mizigo itawekwa wazi juu ya turubai, na msafiri ataifunga mwenyewe. Asiyetaka kufungua, abaki na mzigo wake. Alisema amri hiyo ni ya wote, mwenye ploti akiwemo.

Ijumaa asubuhi, hospitalini, walikuja kumchukua Daisy. Billy alimlilia mama yake na kuushika ukingo wa kitanda. Akoth alimbandua polepole, akampakata, akaanza kumwimbia Kijaluo kwa sauti ya chini. Mtoto alipiga mateke kidogo, akachoka, akamlazia kichwa begani.

Saa tano kasoro walimrudisha Daisy. Mtoto mchanga, msichana, alikuwa kifuani pake, amefunikwa. Lakini macho ya Daisy yalikuwa yakitafuta kitu kingine chumbani. Yalizunguka mpaka yakamwona Billy, amelala fofofo mikononi mwa nyanya yake, mdomo wazi.

"Ulifika, Mama," alisema, akafumba macho, akapumzika.